Bamba la Chumba cha Moto

Achao, kisiwa cha Quinchao
9 Machi 1903

Kwa Don Evaristo Oyanedel, Valparaíso

Hunijui. Naitwa Rosaura Levicán, nafuma sufu na kulima viazi hapa Achao. Don Nolasco, fiskali anayetuongoza sala padri asipokuwepo, alinunua sabuni iliyofungwa kwa gazeti, akasoma gazeti kabla ya kuoga. Ndani yake iliandikwa kwamba wewe, fundi mstaafu wa mitambo, unaandika historia ya utumishi wa manowari Rupanco, na kwamba yeyote aliyekuwa na mtu wake mle akuandikie.

Sisi tulikuwa na mtu mle. Kaka yangu Anselmo Levicán alikuwa mtia makaa. Alikufa mwaka 1881 katika chumba cha moto. Barua ya serikali ilisema alikufa katika chumba hicho akilitumikia taifa, haikusema zaidi. Kaburi liko kaskazini, hatujaliona, na mama yangu, Doña Tránsito, haliulizii. Unajua desturi yetu: aliyekufa kwa ghafla, roho yake hukaa pale pale alipoangukia, na mshumaa huwashwa pale, siyo kaburini. Angeangukia barabarani, tungemjengea kijumba barabarani. Yeye aliangukia ndani ya meli, na meli ina safari zake.

Basi tangu mwaka ule, kila kiangazi, meli ile inapopita kwenye mlango wetu wa bahari, mama hushuka ufukweni na mshumaa ndani ya ndoo, asiuzime upepo, akakaa hadi meli ipotee. Ina milingoti mitatu na dohani moja nyeusi. Mwaka huu haikupita. Mama amekaa ufukweni Januari na Februari yote. Jirani yetu Eduvina alimwambia, kwa jina tunaloitana majirani, "Comadre, utaota kome mgongoni." Mama akasema, "Wakiota utawachuma wewe, una njaa siku zote."

Naomba kujua Rupanco iko wapi, na itapita lini. Mama anataka pia kujua kama Anselmo alipiga kelele.

Rosaura Levicán Barría


Valparaíso, mlima Cordillera
28 Machi 1903

Doña Rosaura,

Pole kwa msiba, ingawa ni wa zamani. Msiba hausomi kalenda.

Umeuliza swali dogo: meli iko wapi. Nitalijibu, lakini niruhusu nianzie mbali, kwa sababu manowari ni kama mtu. Huwezi kuelewa aliko usipojua alikopita. Mimi nina ugonjwa huo wa kueleza. Marehemu mke wangu akiniuliza saa alikuwa akisema, "Saa tu, Evaristo, siyo jinsi saa inavyotengenezwa."

Rupanco ilishushwa majini Uingereza mwaka 1866. Mbavu zake zilikuwa za mbao za mwaloni, zikavikwa shaba chini ya maji. Ilikuwa na milingoti mitatu, dohani moja nyeusi, na mtambo mmoja wa mvuke uliozungusha rafadha moja, panga la kusukuma maji nyuma ya meli. Watu wa nchi kavu hudhani meli ya mvuke haihitaji tanga. Sivyo. Makaa hula fedha na hula nafasi. Upepo ukiwepo, moto ulipunguzwa, dohani ikakunjwa chini kama darubini, na rafadha ikainuliwa isiburute maji. Upepo ulipokufa ndipo watu wa chini, watu kama kaka yako, walipoitwa. Kwa hiyo waliokuwa juu waliona bahari, na waliokuwa chini walijua tu kwamba bahari imetulia.

Miaka yake ya kwanza ilibeba magavana, ng'ombe na wagonjwa wa ndui. Wiki moja nzima ilitafuta nanga iliyopotezwa na meli nyingine, isiipate. Vita vya kaskazini vilipoanza ilipelekwa kuziba bandari moja, ikawa inakwenda na kurudi mbele ya mji ule ule kwa miezi, inautazama na mji unaitazama. Mizinga yake ilisema mara chache. Sehemu kubwa ya historia ya manowari ni kungoja, na ndiyo sehemu ambayo hakuna anayetaka kuisoma.

Mwezi Agosti 1881, meli ikiwa imetia nanga, asubuhi ya shwari, bila adui karibu, bomba kuu la mvuke lilipasuka. Hakukuwa na uzembe. Chuma huchoka, Doña Rosaura. Hupata joto, hupoa, hutanuka, hujikunja, na siku moja huachia bila kumwambia mtu. Kaka yako alikuwa zamu. Aliangukia sakafuni mbele ya tanuri la pili, upande wa kushoto wa meli.

Umeuliza kama alipiga kelele. Sikuwepo, nilipelekwa kwenye meli ile mwaka uliofuata. Wapo ambao wangekuandikia kwamba hakuumia. Mimi miaka yote ya kazi sikuandika kipimo ambacho sikukisoma kwa macho yangu, na sitaanza sasa.

Lakini mahali pale napajua. Wenzake walipigilia ukutani kijumba cha bati chenye mshumaa. Kamanda akisema kiondolewe, wanakiondoa. Akipanda ngazi, wanakirudisha. Kamanda wa tatu aliacha kusema. Nilipita mbele yake kila zamu.

Kuanzia 1882 hadi 1885 tulipima kina cha milango ya bahari ya kwenu. Tulipita Achao, hilo ni kweli. Kisha meli iliingia gudini Talcahuano, ikatiwa boila mpya, mlingoti mmoja ukaondolewa, na dohani ndefu ikabadilishwa kwa fupi, pana, ya rangi ya siagi. Ikawa meli ya kufundishia mabaharia, huku huku katikati. Mwaka 1892 ekseli ya rafadha ilikatika. Tangu hapo imefungwa Talcahuano kama ghala la makaa, haijasogea hata urefu wake.

Hapo ndipo barua yako inaponitatiza. Meli ya milingoti mitatu na dohani nyeusi uliyoiona baada ya 1885 haiwezi kuwa Rupanco. Nadhani ni ile inayopeleka mafuta kwenye minara ya taa. Kwa mbali zinafanana, na mimi mwenyewe ningeweza kukosea.

Rupanco haitapita. Imeuzwa kwa Don Fidel Arriagada, mvunja meli, na mwisho wa majira ya baridi haitakuwepo.

Wako,
Evaristo Oyanedel


Achao
20 Aprili 1903

Don Evaristo,

Asante kwa barua. Nilimsomea mama jikoni, naye akimenya viazi. Nilisoma habari za mwaloni na shaba, akatikisa kichwa. Nilisoma ng'ombe na magavana, Eduvina akauliza nani kati yao alitapika zaidi. Nilisoma kijumba cha bati, na hapo mama aliacha kumenya kidogo, kisha akaendelea.

Dohani ya rangi ya siagi sikuisoma. Meli ya mafuta ya taa sikuisoma. Nilipofika hapo niliruka mpaka kwa Don Fidel Arriagada. Sijui kama nimefanya vizuri. Sikusikia kitu wakati ule, nilikuwa kama mtu anayesoma bei za chumvi. Miaka kumi na saba, Don Evaristo, mama yangu anawashia mshumaa mapipa ya mafuta.

Kuhusu kelele, nilimwambia hukuwepo. Akasema, "Angalau huyo mmoja hakuwepo na anakiri. Wengine wote wanaonipa pole walikuwepo."

Nilimwambia meli inavunjwa. Hakulia. Amekaa hivyo tangu nilipokuwa msichana, kama jiwe la kusagia, linafanya kazi lakini ukiligusa ni baridi. Alimaliza viazi, akafuta kisu, akasema:

"Basi waniletee mahali pale."

"Mama, mahali hapaletwi."

"Nani kasema? Nyumba ya Remigio ilikuwa kule juu kanisani. Leo iko wapi?"

"Iko pwani."

"Ilikwenda kwa miguu yake?"

Eduvina akadakia, "Ilikwenda kwa maksai kumi na kwa mgongo wa mume wangu, na hadi leo analala kifudifudi."

"Uliivuta na wewe, Rosaura," mama akasema. "Uliivuta, ukala nyama, ukacheza. Jiko la Remigio liko pale pale lilipokuwa ndani ya nyumba, na mama yake alifia pembeni ya jiko, na mshumaa wake wanauwasha pembeni ya jiko. Wamehama naye. Mbona yeye aweze na mimi nishindwe?"

Wewe mtu wa Valparaíso labda umesikia habari za minga yetu ukadhani ni hadithi. Ni kweli. Mtu akitaka kuhama, kama jirani yetu Remigio, majirani huja na maksai na kamba, nyumba ikavutwa nzima, hata ikavushwa ikielea juu ya maji ikibidi, naye hulipa kwa chakula tu.

Anataka bamba la sakafu aliloangukia Anselmo. Anasema alilaze chini kwenye njia yetu, asimame juu yake, awashe mshumaa, basi. Ana miaka sabini na sita na kifua kinamkoroma. Hataki kengele wala usukani wala picha. Naomba, kama inawezekana.

Rosaura


Talcahuano
17 Mei 1903

Doña Rosaura,

Nilitaka kukujibu kwa hoja, nikaiandika, kisha nikapanda treni. Nitakupa vyote viwili.

Hoja ni hii. Meli ilikuwa imetia nanga siku ile. Kwa hesabu ya mpima bahari, kaka yako aliangukia kwenye nukta fulani ya ghuba ya kaskazini, na nukta hiyo iko kule hadi leo, maji yamepita juu yake. Kwa hesabu ya fundi, aliangukia mbele ya tanuri la pili. Mahali hapo pawili palikuwa pamoja asubuhi moja tu, kisha nanga ikang'olewa, pakaachana. Sasa mama yako anataka pa tatu, penye njia ya kwenu. Simcheki. Nasema tu kwamba mahali si kitu. Ni jinsi vitu vinavyokaa kwa vitu vingine. Ukitoa tanuri, ukuta na meli, bamba linabaki bamba.

Hayo niliyafikiri hadi stesheni. Sasa nikueleze niliyoyaona.

Rupanco imelazwa kwenye matope, imefunguliwa kuanzia shetri, yaani nyuma, kama samaki. Milingoti haipo. Mbao za mwaloni zinauzwa kwa kuni, na watu wanasema haziwaki, zimekunywa chumvi nyingi. Msimamizi wa wavunjaji ni Crisólogo Tapia, mtu mnene mwenye sauti ya mluzi. Aliniona nimesimama na kofia yangu ya zamani.

"Mzee, umechelewa," akaniambia. "Kengele ina mwenyewe, usukani una mwenyewe, hata choo cha kamanda kimeshanunuliwa na mwanasheria."

"Nataka bamba la sakafu."

"La fedha?"

"La chuma. La chumba cha moto."

Akanikagua. "Yako tele, yote kutu. Unataka kukaangia samaki?"

"Kuna kijana aliangukia pale. Mama yake analitaka."

Crisólogo alivua kofia, akaiweka chini ya kwapa. "Si ungesema. Mimi hapa unafikiri ni Mturuki mwenye duka, wa kutaka faida kwa kila kitu? Don Fidel hatauliza. Chukua, mzee. Lipi?"

Hilo ndilo swali, na ndilo lililonifanya nikae juu ya pipa la misumari nusu ya asubuhi.

Nikueleze sawasawa. Sakafu ya chumba cha moto haikuwa kitu kimoja. Ilikuwa mabamba mengi ya kipimo kimoja, yenye matundu yale yale, yaliyolazwa juu ya mihimili ili yaweze kuinuliwa mtu akisafisha chini. Meli ilipoingia gudini kutiwa boila mpya, sakafu yote ilitolewa. Nilikuwepo. Mabamba yalirundikwa gatini kwenye mvua. Yaliyopinda yalitupwa, yakaletwa mapya machache. Kazi ilipokwisha yalirudishwa, na fundi hurudisha lililo juu ya rundo, kama wewe unavyochukua sahani. Lililokuwa mbele ya tanuri la pili laweza kuwa lilikwenda nyuma, au kulia, au kwenye shehena ya vyuma chakavu. Hata tanuri zenyewe zilikuwa mpya. Wenzake walikirudisha kijumba cha bati pale walipodhani ndipo, na nimekikuta sasa kimeshachukuliwa, hakuna ajuaye na nani.

Hakuna alama. Hakuna wa kumuuliza. Naweza kukuletea bamba la chumba kile, lakini siwezi kukuambia kwamba ndilo. Niliona ni afadhali ujue kabla ya kamba kufungwa kuliko baada.

Nijibu kupitia kwa Crisólogo. Nitakaa hapa Talcahuano kwa mpwa wangu hadi nisikie kutoka kwenu.

Evaristo Oyanedel


Achao
8 Juni 1903

Don Evaristo,

Lilete. Chagua wewe.

Nilimsomea mama hoja yako ya mahali pawili. Alisikiliza yote. Kisha mama akasema, "Alikuwa amesimama juu ya nini? Bahari?" Nikasema hapana, bamba. "Basi, maneno mengi ya nini."

Habari za kurundikwa gatini nimeziruka.

Lakini kuna jambo. Mama amenigundua. Jana alichukua barua yako mkononi, hajui kusoma, akaipima hivi na hivi, akasema, "Barua za mzee huyu ni nene na wewe unazisoma nyembamba." Nikasema mwandiko wake ni mkubwa. Akasema, "Mwandiko wake ni kama mchwa, naona mwenyewe." Hajanigombeza. Alisema tu kwamba kuanzia sasa barua zako zitasomwa na Don Nolasco. Don Nolasco haruki mstari. Ni mtu wa kusoma hata jina la mpiga chapa, na akiapa mbele ya msalaba kwamba atasoma, atasoma.

Kwa hiyo ujue. Utakachoandika baada ya hapa kitafika masikioni mwake kama kilivyo. Sikuombi chochote. Nakuarifu tu.

Mvua hapa haijakatika tangu mwezi uliopita. Hatujachimba viazi vya mwisho, vitaoza. Naviona vinaoza nami sihisi haraka yoyote.

Rosaura


Achao
27 Julai 1903
Kwa mkono wa Nolasco Cárcamo, fiskali

Don Evaristo,

Mimi ni Tránsito Barría, mjane wa Levicán, mama yake Anselmo. Nasema, na fiskali anaandika.

Bamba lilifika na meli ya abiria hadi Castro, na kutoka Castro kwa mashua. Watu wanne walilishusha. Liko ufukweni juu ya magunia. Asante. Binti yangu amekuwekea jozi mbili za soksi za sufu, atazituma.

Naambiwa wewe ni mtu wa kueleza. Umenieleza mwaloni, umenieleza shaba, umenieleza mahali pawili, na vingine binti yangu amevila njiani. Sijui alivila nini na sitaki kujua. Alidhani ananibebea. Mtoto akikubebea mzigo mwache, hata kama unaona unavyomwangukia.

Sasa nina swali moja. Majirani wanataka kulivuta, maksai wapo, nimewakataza. Sitavutisha watu chuma cha bure wala sitamwita mwanangu kwenye chuma ambacho si chake. Atakuja, aone si pake, aondoke, nami nitakuwa nimemwita bure.

Usinieleze. Bamba hili ndilo aliloangukia Anselmo, au silo?

Tránsito Barría
(alama ya msalaba, mkono wake mwenyewe)

Nami fiskali naongeza: nimeandika kama alivyosema. Nilitaka kuweka salamu ndefu zaidi mwanzoni, amenikataza. N. C.


Valparaíso
15 Agosti 1903

Doña Tránsito,

Ndilo.

Evaristo Oyanedel


Achao
2 Septemba 1903

Don Evaristo,

Nakuandikia mimi, Rosaura, na hii hakuna atakayeisoma ila wewe.

Bamba lilikaa ufukweni hadi barua yako ilipofika. Mama alikuwa akishuka kila asubuhi kulitazama na kurudi. Hakuligusa. Eduvina akaanika samaki juu yake, nikamfokea, mama akasema, "Mwache. Bado ni chuma tu."

Barua ilikuja Jumapili. Watu walikuwa wametoka kanisani, wakatufuata hadi ufukweni, labda nyumba nane, pamoja na Remigio na maksai wake ambao huwaleta popote penye chakula. Don Nolasco alivaa miwani, akafungua bahasha, akatazama. Akageuza karatasi. Akaigeuza tena. Akatazama ndani ya bahasha.

Mama akasema, "Soma."

Akasoma jina la mji wako na tarehe. Akasoma jina la mama. Kisha akasoma lile neno.

"Endelea," mama akasema.

"Imekwisha, comadre."

"Geuza."

"Nimegeuza. Nyuma hakuna kitu. Chini kuna jina lake tu."

Mimi nilikuwa nimesimama nyuma ya mama. Nilikuwa natazama shingo yake. Nilijua ulichokiandika na ulichokiacha, na nilijua kwamba kati ya watu wote waliokuwepo pale ni mimi peke yangu. Nilingoja kitu kinipande kifuani, machozi au aibu, chochote. Hakikupanda. Niliona tu kwamba skafu yake imefumuka pembeni, na kwamba nitahitaji uzi wa kahawia.

Eduvina ndiye aliyesema kwanza. "Neno moja! Mzee yule! Amekufa nini?"

Mama alichukua karatasi kutoka kwa fiskali, akaikunja mara mbili, akaiweka kifuani.

"Basi ni kweli," akasema. "Angekuwa anadanganya, angeeleza."

Don Nolasco alivua miwani akaipangusa.

Mama akamgeukia Remigio. "Wewe umekuja kuvuta au kutazama?"

"Nimekuja kula, comadre, lakini naweza kuvuta kwanza."

"Funga nira."

Wakatia kamba kwenye matundu ya bamba, wakaweka magogo chini, wakapanga watu pande mbili. Walikuwa wanapiga kelele zile za minga, wanatukanana, wanacheka, mvua inanyesha. Mtu mmoja akanisukumia kamba mkononi, akaniambia, "Wewe je, dada yake, utasimama tu?"

Niliishika. Remigio akapiga maksai, bamba likainua pua kutoka kwenye mchanga, likaanza kwenda. Nikavuta pamoja nao hadi juu.

Rosaura Levicán Barría